Fumbo la Kulinda Ndiva

Ukitoka stendi ya Same ukielekea upande wa milimani, hatua chache baada ya duka la mbegu, kuna benchi refu la mninga limeegemezwa kwenye kibanda cha Chande, fundi kufuli na funguo. Kila siku saa kumi alasiri, jua likianza kupunguza ukali na upepo wa Same ukianza kuwamwagia watu vumbi bila kuwauliza, wenye benchi lao huanza kuwasili. Yupo Chande mwenyewe, wanayemwita Daktari, kwa sababu hakuna kufuli iliyoletwa kwake imefungwa ikarudi hivyo hivyo. Yupo Zephania, mpiga debe mstaafu, jina la kijiweni Satelaiti, kwa kuwa hakuna jambo chini ya mbingu analokubali kwamba hakuliona. Yupo Koleta, mwenye birika na vikombe, ambaye kahawa yake ina tangawizi ya kutosha kuyafukuza mafua kabla hayajaamua kuingia. Na yupo Mwalimu Sifael, aliyefundisha hesabu miaka thelathini na nne, anayeitwa Kipeuo. Alhamisi hiyo Kipeuo alifika wa kwanza, amevaa shati la Jumapili, na ndani ya mfuko wa shati kulikuwa na karatasi aliyokuwa akiigusa kila baada ya dakika mbili kama mtu mwenye barua ya uchumba.

Tuseme mapema karatasi ile ilikuwa ya nini, maana Mwalimu mwenyewe alikuwa akitamani sana kuulizwa. Kule juu, kijijini kwao, watu humwagilia kwa ndiva, yaani bwawa la udongo na mawe ambalo kijito hulijaza usiku kucha, na asubuhi mlinda ndiva huyafungulia maji mashamba kwa zamu. Leo mashamba ya juu, siku nyingine ya chini, kwa jinsi kamati ya maji itakavyopanga. Siku hizi katibu wa kamati, Dorkas, humtumia mlinda ndiva, mzee Paschal, ujumbe wa simu. Mwezi uliopita ulikuja ujumbe kwa namba ngeni, ukidai ni Dorkas amebadilisha laini, ukisema zamu ni ya chini. Paschal akafungua chini. Kumbe zamu ilikuwa ya juu, na huko juu ndiko kwenye maharage ya Eliakunda, dada yake Sifael, yaliyokuwa ndiyo kwanza yanatoa maua. Maharage yakasubiri zamu nyingine, siku nane mbele, yakashindwa kusubiri.

Kamati ilikaa, ikamkumbuka msomi wake aliyehamia mjini. Tutengenezee, walimwambia, namna ya kuandikiana ambayo mwizi wa maji hataiweza. Jumamosi, kesho kutwa, alitakiwa kuikabidhi. Tangu astaafu, miaka mitano kamili, hakuna mtu aliyekuwa amemwomba Sifael hesabu yoyote, hata ya kugawana kilo ya nyama. Ombi hili lilimfurahisha kuliko alivyotaka watu wajue, na hakuna mtu pale kijiweni ambaye hakujua.

— Mwalimu, hiyo karatasi itakutoboa kifua, alisema Koleta akimmiminia. Hebu itoe.

— Karatasi gani?

— Hiyo unayoipapasa tangu nifike.

Mwalimu Sifael akakohoa, akaikunjua, akawaonyesha. Kwa herufi kubwa, nzuri, za ubaoni, ilikuwa imeandikwa: OBNK KZW.

Zephania aliitwaa, akaigeuza juu chini, akaitazama kwa mbali kama mtu anayesoma bango la basi linaloingia stendi.

— Hii ni Kirusi, alisema.

— Ni Kiswahili.

— Kiswahili cha wapi hiki? Cha Ugweno?

— Ni ujumbe wa siri, alisema Mwalimu. Fumbo nimelitunga mimi. Wiki tatu nalala saa saba. Hata ukimpa profesa, ataliangalia mpaka macho yamvimbe.

Chande alikuwa ameinama kwenye jiwe lake la kunolea, akichonga ufunguo. Aliinua kichwa.

— Nani mwingine ameliona?

— Hakuna. Ndiyo siri yenyewe, Daktari. Hakuna anayejua linavyofanya kazi isipokuwa mimi.

— Aisee, alisema Chande, akarudi kwenye ufunguo wake. Basi mimi kufuli ya namna hiyo siifungi hata chooni.

Koleta alicheka mpaka birika likatikisika. Mwalimu hakucheka. Alimheshimu Chande, kwani mtu aliyefungua kufuli za nusu ya mji huu na hajawahi kutuhumiwa kuiba hata kijiko anastahili heshima, lakini neno lile lilimuuma mahali ambapo palikuwa panauma tayari. Ndani ya simu yake kulikuwa na ujumbe wa sauti wa Fanueli, mwanafunzi wake wa zamani, ambaye sasa anafanya kazi za usalama wa kompyuta huko Arusha. Sifael alikuwa amemtumia fumbo lake Jumatatu, akitegemea sifa. Jumatano ikaja sauti ya dakika sita. Aliisikiliza dakika tatu za mwanzo, zilizokuwa tamu, kisha Fanueli akasema "lakini Mwalimu", naye akaizima akaenda kulisha kuku.

— Wewe Daktari unaongea kama yule kijana wangu Fanueli, alisema. Lakini hata huyo Fanueli amekiri kwamba watu wadogo wanaweza. Fumbo linalolinda simu zote za dunia, unajua lilitungwa na nani? Wabelgiji wawili!

— Wabelgiji? alisema Zephania, akakaa vizuri. Hapo sasa ongea.

— Si na serikali, si na jeshi. Watu wawili tu, na kalamu zao. Sasa nami ni mtu mmoja na kalamu yangu.

— Mimi nilijua kuna mkono wa Wabelgiji, alisema Zephania. Nyie mnajua kwa nini walichaguliwa? Kwa sababu nchi yao ni ndogo. Ukitoka asubuhi, mchana umeshaimaliza. Mtu wa nchi ndogo hana pa kukimbilia. Akikudanganya, unamkamata kabla ya chai.

— Satelaiti, acha hizo, alisema Koleta. Mwalimu, tuwekee huyo Fanueli tumsikie mwenyewe.

Hapo Mwalimu alijitia kutafuta miwani. Miwani ilikuwa puani. Akajitia kusema chaji imekwisha, na wakati huo huo simu ikalia, mtu alikuwa amekosea namba. Ikabidi aiweke kwenye benchi, spika juu, akangoja kama mwanafunzi anayesubiri majibu ya darasa la saba.

Wakati anahangaika na vitufe, alifika mwanamke mmoja wa Kimaasai, shuka la bluu, madumu mawili matupu ya maziwa. Aliwasalimia wote mmoja mmoja, akasema anaitwa Naanyu na amefuata ufunguo wa kibanda cha maziwa cha akina mama wa kule bondeni. Chande akamwambia asubiri kidogo, bado meno mawili. Naanyu akakaa mwisho wa benchi, na Koleta akampa kikombe.

Sauti ya Fanueli ikatoka, ya heshima, nyuma yake pikipiki zikipita.

"Shikamoo Mwalimu. Nimeliona fumbo lako, nimefurahi sana, nimekumbuka ubao wako. Hizi kanuni zinazofunga ujumbe kwenye simu zetu hazikutoka kichwani mwa mtu zikaenda kazini moja kwa moja. Mwishoni mwa miaka ya tisini Wamarekani walitangaza shindano. Yeyote duniani alete kanuni yake, lakini aeleze wazi, hatua kwa hatua, inavyofanya kazi. Zikaingia kumi na tano. Kisha wataalamu wa dunia nzima wakaambiwa wazivunje. Hata washindani wenyewe walishambuliana, mchana kweupe, kwenye mikutano. Zikabaki tano. Baada ya miaka kama mitatu ikashinda ya Wabelgiji wawili. Mpaka leo kila mtu anaweza kuisoma. Siri iliyobaki ni ufunguo peke yake."

— Umesikia? alisema Mwalimu, mkono ukienda kuizima. Wabelgiji wawili.

Koleta aliuzuia mkono.

"Lakini Mwalimu, kwa heshima zote, usitumie ya kwako. Mtu yeyote anaweza kutunga fumbo ambalo yeye mwenyewe hawezi kulivunja. Mimi nimeshatunga matatu, yote yalivunjwa na wenzangu kabla ya chakula cha mchana. Tunaziamini hizi kanuni kwa sababu watu hodari wamezipiga miaka na miaka zikasimama. Ya kwako hajaipiga mtu. Nisamehe Mwalimu. Msalimie mama."

Upepo ukapita na karatasi ya bagia. Mwalimu Sifael alitazama milima. Alikuwa amemfundisha kijana yule kutoa sehemu na desimali, na sasa kijana amemsahihisha mbele ya watu, tena kwa upole, na upole ndio uliomuuma zaidi.

— Mimi sikubali, alisema Zephania, na Mwalimu akamshukuru moyoni. Kitu ambacho kila mtu anajua kinavyofanya kazi kitakuwaje siri? Hiyo ni sawa na kutangaza stendi kwamba pesa nimeficha chini ya godoro.

Chande aliweka tupa chini. Akanyoosha mkono kwenye waya uliotundikwa kufuli mbovu, akashusha mbili.

— Ione hii. Hii ilikuja madukani ikiwa na maneno mengi. Siri ya kiwanda, hakuna fundi anayeijua, sijui nini. Watu wakainunua kama maandazi. Niliipasua siku ya pili. Ndani ni kichekesho. Spoku ya baiskeli inaifungua, hata mlevi anaweza. Sasa ione hii nyingine. Hii naijua kama kiganja changu. Kila fundi wa Same, Makanya, Mwanga, anaijua ilivyo ndani. Tumeipasua, tumeichora, tumegombana nayo miaka kumi. Na mtu akiniletea imefungwa na hana ufunguo, namwambia mama, nunua msumeno. Sasa niambie Satelaiti, kwako utaweka ipi?

Zephania hakuwa mtu wa kujibu swali lililoulizwa.

— Na kama hao waliotengeneza wamejiachia ufunguo wa akiba? Mimi naambiwa kabisa, kuna mlango wa nyuma. Wanakaa kwenye meli, katikati ya bahari, ambako si nchi ya mtu, wanasoma jumbe zetu. Mimi nikimwandikia mke wangu anipikie makande, wanajua.

— Watu watoke kote huko kuja kusoma makande yako?

— Makande ni mfano, Koleta.

— Hapo kuna ukweli kidogo, alisema Mwalimu, ambaye hata akiumia hakuweza kuacha jambo lipite bila kusahihishwa. Fanueli aliwahi kuniambia. Kulikuwa na kanuni moja ya kuzalisha namba za kubahatisha, ikapitishwa kabisa iwe ya kiwango. Wataalamu wakaitilia shaka, wakasema walioitunga huenda wamejiachia upenyo. Baadaye ikaja kuondolewa.

— Nilisema! Zephania alisimama, akakaa, akasimama tena. Nilisema mimi! Meli!

— Hakutaja meli.

— Na nani aliuona huo upenyo? aliuliza Chande. Si watu waliokuwa wanaruhusiwa kutazama ndani? Ingekuwa imefichwa wangeuonea wapi?

Zephania akatafakari, jambo lililomchukua muda.

— Basi tuwashtaki, alisema. Tukate rufaa mpaka Dodoma.

— Eeh, hapo Mpare ameamka, kesi haimpiti, alisema Koleta, na hata Naanyu kule mwisho wa benchi akatabasamu ndani ya kikombe chake.

Mwalimu Sifael alikuwa akiikunja na kuikunjua karatasi. Alikuwa mtu wa kujivuna, ndiyo, lakini alikuwa mwalimu kwanza, na ndani yake mwalimu alikuwa anamwambia kwamba hesabu isiyoonyesha njia haipewi alama. Alikuwa ameliandika neno hilo kwa wino mwekundu kwenye maelfu ya madaftari ya watoto wa watu. Akaitandaza kwenye benchi.

— Haya. Lipigeni. Mbele yangu hapa hapa.

— Kweli? alisema Chande.

— Kweli. Ni bora livunjwe na nyinyi kuliko livunjwe na wezi wa maji na dada yangu akae mwaka mwingine bila maharage. Linafanya kazi hivi. Chukua herufi A mpaka Z, toa Q na X ambazo Kiswahili hakina. Ufunguo ni namba yenye tarakimu tatu. Huu ni mbili, moja, nne. Herufi ya kwanza unaisogeza mbele hatua mbili, ya pili hatua moja, ya tatu nne, halafu unarudia. M inakuwa O. A inakuwa B. J inakuwa N. Hiyo ni MAJI JUU. Mtu asiye na namba hana kitu.

Chande alihesabu kwa vidole, midomo ikimchezacheza, akafika mwisho akapiga goti.

— Aisee Kipeuo, ni nzuri hii!

Sifael alijisikia joto la raha shingoni.

— Na hiyo namba Dorkas na Paschal wanaipataje? aliuliza Koleta. Unawatumia kwa simu?

— Hapo ndipo nilipokesha, dada Koleta. Ukiituma kwa simu, mwizi ataiona. Sasa sikiliza. Namba ni ya wimbo wa kwanza wa ibada ya Jumapili. Dorkas yuko kanisani, Paschal yuko kanisani. Hakuna kutumiana. Kila Jumapili namba inabadilika yenyewe, na mchungaji hata hajui kwamba anatusaidia!

Aliegemea ukuta, akangoja. Koleta hakumpigia makofi. Alikuwa amesimama na birika mkononi, akimtazama kwa huruma ya mtu anayemwona mwenzake akivuka barabara huku gari linakuja.

— Mwalimu. Hiyo namba ya wimbo, kanisani kwenu inatajwaje?

— Inaandikwa kwenye ubao.

— Ubao uko wapi?

— Mbele, karibu na mimbari. Mkubwa, kila mtu auone, maana wazee macho yao si... Hapo sauti ya Mwalimu ikaanza kupungua.

— Na hao watu wa mashamba ya chini wanasali wapi?

Mwalimu aliivuta karatasi yake karibu.

— Hapo hapo.

— Wanaimba?

— Besi yote ni watu wa mashamba ya chini, alisema Mwalimu Sifael kwa sauti ndogo.

Kicheko kilicholipuka kiliwafanya abiria wawili waliokuwa wanavuka barabara wageuke. Zephania alishika nguzo ya kibanda. Chande alifuta machozi kwa kitambaa chenye grisi akajipaka usoni. Na baada ya kitambo, Mwalimu mwenyewe ikamshinda, akacheka, akicheka kwa uchungu kidogo lakini akicheka, akimwona kwenye mawazo yake yule bwana mnene wa besi, Simon, akiitazama namba ubaoni kwa uchaji mkubwa.

— Umefunga mlango vizuri, alisema Chande akipata pumzi, halafu ufunguo ukamkabidhi mchungaji autangaze.

— Inarekebishika, alisema Mwalimu. Namba tutaitafutia pengine.

— Irekebishwe kitaalamu! Zephania sasa alikuwa amewaka. Tusiwaachie Wabelgiji. Tuitishe shindano letu hapa Same. Kila sehemu ilete fumbo lake. Makanya walete, wale wa machimbo ya jasi wana vichwa vigumu. Watu wa Kifaru walete. Wavuvi wa Nyumba ya Mungu walete, wale wanajua kuficha, hakuna mvuvi aliyewahi kukuonyesha alipovulia samaki mkubwa. Yatundikwe hapa kwenye benchi, miezi mitatu, kila mpita njia ajaribu kuyavunja. Litakalobaki limesimama, tunaligonga muhuri. Kiwango cha Same!

— Mwamuzi nani? aliuliza Chande.

— Mimi.

— Wewe una mdomo kama redio, utatoa siri ya washindi kabla hawajashinda.

— Basi mwamuzi atoke Usangi.

— Usangi watapendelea Usangi, alisema Koleta.

— Basi mwamuzi atoke mbali kabisa. Tumlete Mbelgiji!

— Alale wapi?

— Kwa Mwalimu. Wana kalamu, wataelewana.

Wakabishana juu ya Mbelgiji atakula nini, na kama makande yatamkubali tumboni, na kama kamati ya waamuzi iwe na katiba, na katiba hiyo iwe ya siri au ya wazi. Zephania alisema katiba iwe ya wazi ila kurasa mbili. Chande alisema kurasa hizo mbili ndizo angezisoma kwanza. Mwalimu Sifael aliwasikiliza huku penseli yake ikitembea nyuma ya karatasi, akitafuta namba mpya, tarehe za kuzaliwa, idadi ya vizazi vya ukoo, akijua moyoni kwamba Jumamosi ni kesho kutwa na mvua za vuli bado hazijatoa hata dalili.

Chande akamaliza meno ya ufunguo, akaujaribu kwenye kufuli ya Naanyu, ikafunguka, ikafunga, ikafunguka. Naanyu aliupokea, akaufunga kwenye pindo la shuka. Akasimama. Lakini hakuondoka.

— Samahani Mwalimu, alisema kwa Kiswahili chake cha taratibu. Mimi nimesikiliza lakini sijaelewa kitu kimoja.

— Uliza mama, alisema Mwalimu kwa furaha, maana swali la mtu asiyeelewa lilikuwa chakula chake miaka thelathini na nne.

— Maji yakishafunguliwa yaende juu, watu hawayaoni?

— Wanayaona. Kijiji kizima kinayaona yakipita.

— Sasa mnaficha nini?

Mwalimu aliionyesha karatasi.

— Tunaficha ujumbe, alisema.

— Yule mwizi aliusoma ujumbe wenu?

— Hapana. Hakusoma. Aliandika wa kwake.

— Ndiyo, alisema Naanyu. Sasa kwa nini yule mzee aliuamini?

Zephania, ambaye hajawahi kukosa jibu tangu enzi za mabasi ya injini mbele, alitazama viatu vyake. Chande aliipindua tupa mkononi, upande huu, upande ule. Koleta akainamisha birika kwenye kikombe cha Mwalimu likatoa matone matatu na machicha.

Mwalimu Sifael alihisi baridi ya ajabu, baridi ya mtu aliyejaza kurasa nne za hesabu akagundua kwamba swali aliliandika vibaya tangu mwanzo. Wiki tatu alikuwa anaficha jambo ambalo halikuhitaji kufichwa. Ufunguo ungeweza kumsaidia Paschal kumtambua mwandishi, hilo alilijua, lakini hiyo ilikuwa kazi nyingine, ya namna nyingine, na hakuwa ameiwaza hata dakika moja. Na zaidi ya yote, swali la mama huyu wa maziwa lilikuwa na mtu mmoja tu duniani wa kulijibu, na hakuna aliyemwendea.

— Kamati haikumuuliza? alisema Koleta.

— Walimuuliza kwa nini alifungua. Walimpigia kelele. Nami nilikuwepo.

Akachukua simu, akapiga, akaiacha spika juu. Iliita muda mrefu. Kisha ukasikika upepo, na kwa mbali mbuzi.

— Paschal! alisema Mwalimu. Sifael hapa, Same. Sikiliza. Siku ile ya ujumbe wa uongo, ni kitu gani kilikufanya uuamini?

Mbuzi akalia tena.

— Mmeniita kikaoni mara tatu, ilisema sauti ya mzee, bila hasira. Hilo hamkuwahi kuniuliza.

— Nakuuliza sasa.

— Ulinisalimia.

— Ujumbe?

— Ndiyo. Ulisema, shikamoo kaka Paschal, umeamkaje, mgongo unaendeleaje. Ndipo ukasema habari za maji. Dorkas akiniandikia, ananiandikia "fungua juu". Mwenyekiti ananiandikia "fungua chini". Miaka kumi na moja sasa. Nikasema, leo Dorkas kaamka vizuri. Nikafurahi, Sifael. Nikaenda kufungua mbio mbio, na mgongo huu.

Mwalimu Sifael alikuwa ameinama. Paschal alimzidi miaka saba. Paschal ndiye aliyemfundisha, wakiwa watoto, kuziba mfereji kwa visigino. Na sasa hivi, mbele ya watu, amempigia na kumwita kwa jina lake kavu, kama anayemwita mtoto aje kubeba chaki. Aliona aibu, aibu ya kweli, iliyompanda mpaka masikioni. Akaiweka ile karatasi chini ya kikombe kitupu, akavua kofia, ingawa Paschal hakuweza kumwona.

— Shikamoo, kaka Paschal, alisema. Mgongo unaendeleaje?

Upepo ulivuma ndani ya simu, wa kule juu, na upepo wa Same ukaujibu.

— Marahaba, alisema Paschal polepole. Lakini kabla sijakwambia habari za mgongo, hebu niambie kwanza. Wewe ni Sifael kweli?